UZI: Marcel Reich-Ranicki, mhakiki wa vitabu aliyewatia jasho waandishi wa Ujerumani

Kalamu Nyeusi (mwanzisha uzi)

Salaam wakuu.

Kule kwenye uzi wa waandishi wanaolalamikia wahakiki, mdau mmoja aliuliza kama imewahi kutokea mhakiki wa vitabu akajulikana na taifa zima, hadi na watu ambao hawajafungua riwaya tangu wamalize shule. Imetokea, Ujerumani. Nimemfungulia uzi wake hapa nisije nikavuruga ule wa watu, maana habari zake ni ndefu.

Anaitwa Marcel Reich-Ranicki. Alizaliwa tarehe 2 Juni 1920 Włocławek, Poland, kwenye familia ya Kiyahudi. Baba yake, David Reich, alikuwa na kiwanda kidogo na kipaji kikubwa cha kupata hasara. Mama yake, Helene, alikulia upande wa Ujerumani na Kipoland hakikuwahi kumkaa vizuri mdomoni. Mwaka 1929 biashara ikafa, dogo akapelekwa kwa ndugu Berlin. Mwalimu wake alimuaga kwa kumwambia anakwenda kwenye nchi ya ustaarabu. Siku ya kwanza darasani Berlin akamwona mwalimu akimcharaza mwanafunzi bakora. Uzeeni aliandika kwamba vyote viwili, kuiogopa bakora ya Mjerumani na kuvipenda vitabu vya Mjerumani, vilimkaa mwilini maisha yake yote.

Hitler alishika madaraka Januari 1933. Wenzake wakawa wanakwenda kwenye kambi na matembezi ya vijana wa chama, yeye hatakiwi. Muda wake wote akaumalizia kwenye vitabu na kwenye viti vya bei ya chini vya majumba ya maigizo. Akamaliza shule 1938, akaomba chuo kikuu cha Berlin, akakataliwa kwa kuwa Myahudi. Kisha alfajiri ya tarehe 28 Oktoba 1938 askari akamfuata kitandani. Siku zile Wanazi waliwazoa Wayahudi wenye uraia wa Poland, kama 17,000 hivi, wakawatupa mpakani. Aliruhusiwa kutoka na marki tano. Kwenye mkoba akatia leso na riwaya ya Balzac aliyokuwa anaisoma.

Nitarudi na sehemu ya Warsaw.

Binti Tanga

Umekatia patamu. Naweka mkeka hapa hapa.

Fani na Maudhui

Mkuu, mimi nasoma fasihi chuo, jina lake nimewahi kulikuta sehemu lakini sikujua kama alipitia haya. Nilidhani ni mzee tu wa kukaa ofisini na miwani. Endelea.

Kalamu Nyeusi

Tuendelee.

Amefika Warsaw ana miaka 18, Kipoland cha kuombea maji, kazi hana. Vita ikaanza Septemba 1939. Januari 1940 jirani mmoja, mfanyabiashara aliyenyang'anywa mali zake zote, akajinyonga kwa mkanda. Mama yake Marcel akamwambia kijana aende haraka, akae na binti wa marehemu. Binti huyo ni Teofila Langnas, wakimwita Tosia, umri wake na wa Marcel ulikuwa mmoja. Akaenda kumliwaza mfiwa, na wakaishi pamoja hadi Tosia alipofariki 2011.

Novemba 1940 Wajerumani wakafunga geto, yaani mtaa waliolazimishwa Wayahudi kuishi, kwa ukuta, humo ndani wakabanwa watu zaidi ya 400,000. Kwa sababu ya Kijerumani chake, Marcel akapata kazi Baraza la Wayahudi, yaani ule uongozi ambao Wanazi waliuweka ili amri zao zipitie kwa Wayahudi wenyewe. Akawa mkuu wa ofisi ya tafsiri na barua. Jioni anaandika uhakiki wa muziki kwenye gazeti la geto kwa jina bandia la Wiktor Hart. Watu wanakufa njaa barabarani, maiti zimefunikwa magazeti, na bado kuna wanamuziki wenye fidla zao wanapiga Beethoven, na kuna kijana wa miaka 21 anaandika kesho yake kama wamepiga vizuri au vibaya. Mimi hapo ndipo nilipoanza kumwelewa. Kwake kusema hiki kizuri na hiki kibovu haikuwa anasa ya watu walioshiba.

Juni 1941, siku yake ya kuzaliwa, Tosia hana hela ya zawadi. Kitabu cha mashairi ya Erich Kästner, mwandishi wa Kijerumani, walikuwa wameazima kwa mtu. Tosia akakaa, akayanakili mashairi kwa mkono, akachora picha pembeni, akashona kurasa. Kästner huyu vitabu vyake vilichomwa moto hadharani Berlin mwaka 1933 na mwenyewe akiwa amesimama anatazama. Kile cha Tosia kilipita vita yote salama, na miaka ya baadaye Marcel alikwenda kumwonyesha Kästner mwenyewe.

Sasa tarehe 22 Julai 1942. Asubuhi maofisa wa SS, kile kikosi cha Wanazi, wakiongozwa na Hermann Höfle wanaingia kwenye jengo la Baraza. Wanataka mtu wa kuandika kumbukumbu ya kikao, kazi inamwangukia Marcel. Höfle anasoma amri: Wayahudi wa Warsaw watahamishiwa mashariki, isipokuwa makundi fulani. Siku ilikuwa ya jua, madirisha yako wazi, na chini mtaani askari wa SS waliokuwa wanasubiri kwenye magari wamewasha gramafoni, wanasikiliza muziki wa dansi wa Strauss, ule wa mto Danube. Kijana anaandika hukumu ya kifo ya watu wake, nyuma yake muziki unaimba.

Katika amri ile aliona kifungu kwamba wafanyakazi wa Baraza na wake zao wamesamehewa kwa sasa. Alichofanya ni kutuma mtu amwite Tosia, wakafungishwa ndoa siku hiyo hiyo. Kesho yake mwenyekiti wa Baraza, Adam Czerniaków, akanywa sumu baada ya kuona amepewa kazi ya kuwakabidhi watu wake kwa maelfu kila siku. Hadi Septemba zaidi ya watu robo milioni walikuwa wamepakiwa kwenye mabehewa ya Treblinka, kambi ya kuulia watu. Wazazi wa Marcel walikuwa miongoni mwao, na yeye ndiye aliyewaelekeza wapange foleni wapi. Mama yake alikuwa amevaa koti alilokuja nalo kutoka Berlin. Kaka yake alipigwa risasi kambini Novemba 1943. Dada yake alinusurika kwa kuwa alikuwa ameshakimbilia London.

Binti Tanga

Hapo kwenye foleni nimesimama kwanza. Yaani uwapangie wazazi wako foleni.

Ngosha Halisi

Swali: walitokaje wao wawili? Hakuna msamaha wa kudumu kwa Nazi.

Kalamu Nyeusi

@Ngosha Halisi kweli, ule msamaha uliisha mapema. Februari 1943 wakatoroka geto kwa hongo. Wakazunguka kujificha, wanatapeliwa na kutishwa na wale waliokuwa wanaishi kwa kuwakamua Wayahudi waliojificha, hadi wakaangukia kwa Bolek na Genia Gawin, pembeni mwa Warsaw, ng'ambo ya mto. Bolek alikuwa mpangaji herufi wa kiwanda cha uchapaji asiye na ajira, mtu wa chupa. Adhabu ya kumficha Myahudi Poland ilikuwa kifo kwa nyumba nzima na yeye alilijua hilo.

Mchana wamejificha, usiku wanasokota sigara za kuuza ili nyumba ipate chakula. Umeme unakatwa, giza, watu wanne, hakuna la kufanya. Genia ndiye aliyesema Marcel asimulie kitu. Akaanza. Werther wa Goethe, Wilhelm Tell wa Schiller, Effi Briest wa Fontane, Hamlet, King Lear, hadi visa vya opera za Verdi. Hakusema ni vya nani wala ni vya nchi gani, alikuwa anakata na kuunga ili kisa kiende mbio. Kisa kikinoga, kesho yake kuna kipande cha mkate cha ziada, au karoti. Kikipooza, anaona usoni.

Ameandika wazi kuwa alikuwa anavichakachua bila aibu. Mhakiki yule yule ambaye baadaye alimnyuka kila mwandishi aliyemchosha alijifunza kazi mbele ya wasikilizaji wawili ambao kama wakichoka naye wangeweza kumfungulia mlango.

Na kuna kauli ya Bolek aliyoinukuu: kwamba Hitler, mtu mwenye nguvu kuliko wote Ulaya, ameamua hawa wawili wafe, na yeye mpangaji herufi mdogo wa Warsaw ameamua waishi, tuone nani atashinda. Septemba 1944 jeshi la Kisovieti likafika upande ule wa mto. Bolek alishinda.

Ngosha Halisi

Huyu ni Shahrazadi wa Alfu Lela Ulela kabisa, kasoro taji.

Kalamu Nyeusi

Na kasoro mfalme. Shahrazadi alikuwa anamsimulia mwenye panga. Bolek panga lilikuwa linamsubiri na yeye.

Mzalendo Mkavu

Mnamlilia sana lakini mwanzisha uzi anakwepa kitu. Huyu jamaa alikuwa shushushu wa serikali ya kikomunisti ya Poland. Liweke mezani na hilo.

Kalamu Nyeusi

Sijakwepa, ndiyo tunafika.

Baada ya vita alijiunga na chama cha kikomunisti na akafanya kazi kwenye vyombo vya usalama vya Poland. Mwaka 1948 akapelekwa London kama konsuli, na hapo ndipo alipochukua jina la Ranicki, kwa sababu Reich kwa masikio ya wakati ule lilinuka Ujerumani ya Hitler. Mtoto wao wa pekee, Andrew, alizaliwa London mwaka huo na baadaye akawa profesa wa hisabati Edinburgh. Pamoja na ukonsuli alikuwa na kazi ya ujasusi. Akarudishwa Warsaw 1949, mwaka uliofuata akafukuzwa chama na kuwekwa ndani kwa majuma kadhaa. Selo akaruhusiwa kitabu, akachagua riwaya ya Anna Seghers kuhusu mtoro wa kambi ya Wanazi. Alipotoka akasema siasa basi, atafanya vitabu.

Kosa lake ni kwamba alikaa kimya kuhusu ule ujasusi hadi 1994, vyombo vya habari vya Ujerumani vilipoufukua. Mwanzoni alijibu kwa kuzungukazunguka, baadaye akakiri na kusema alikuwa amefungwa na ahadi ya kutunza siri. Binafsi hilo la ahadi halinitoshi. Mtu aliyewadai waandishi wote ukweli bila huruma alipaswa kuusema wake kabla ya kuulizwa. Lakini vilevile, kijana wa Kiyahudi wa miaka 24 aliyefunguliwa mlango na jeshi la Kisovieti, ulitaka ajiunge na nani?

Mzalendo Mkavu

Kwa hilo la mwisho nimekuelewa. La kukaa kimya namwekea alama nyekundu.

Kalamu Nyeusi

Mwekee.

Sasa Ujerumani Magharibi. Julai 1958 anapata kibali cha safari ya masomo, anakwenda Frankfurt na harudi. Ana miaka 38, cheti cha sekondari tu, hana chuo. Mwandishi Heinrich Böll, ambaye walijuana tangu Böll alipotembelea Warsaw, alikuwa mmoja wa waliomshika mkono. Katika majuma machache akawa anaandika kwenye magazeti makubwa, na mhariri mmoja wa gazeti la Frankfurter Allgemeine akamshauri aunganishe majina mawili, ndiyo likatoka Reich-Ranicki.

Mwaka huo huo akaalikwa kwenye mkutano wa Kundi la 47, ile jumuiya ya waandishi waliokuwa wanasomeana kazi na kuchambuana ana kwa ana, mtunzi amekaa kwenye kiti na haruhusiwi kujitetea. Mwandishi Günter Grass, bado hajulikani, akasoma sura za riwaya yake ya ngoma ya bati. Pembeni Grass akamuuliza: wewe hasa ni nani, Mpoland, Mjerumani au nini? Akamjibu: nusu Mpoland, nusu Mjerumani, na Myahudi mzima. Grass alilipenda sana jibu. Mwenyewe kwenye kumbukumbu zake anasema lilikuwa jibu zuri lakini halikuwa na hata tone la ukweli. Nchi aliyokuwa nayo, alivyoiona yeye, ilikuwa fasihi ya Kijerumani, basi.

Kuanzia 1960 hadi 1973 aliandikia gazeti la Die Zeit la Hamburg. Maandishi yake yanauza gazeti, lakini miaka yote hiyo hakualikwa kwenye vikao vya wahariri. Anaandikia nyumbani. Amelieleza hili kwa uchungu na mimi namwelewa, lakini wapo waliosema jamaa alikuwa mtu wa kelele, kikao kingekuwa chake peke yake.

Mwaka 1973 Joachim Fest, mwanahistoria na mmoja wa wakuu wa gazeti, akampeleka Frankfurter Allgemeine kuongoza ukurasa wa fasihi. Mwaka huo huo mchapishaji wa Fest aliandaa hafla ya kuzindua kitabu cha Fest juu ya Hitler. Marcel na Tosia wanaingia ukumbini, wanamkuta mzee mmoja mpole amezungukwa na watu wanamchekea. Ni Albert Speer, waziri wa silaha wa Hitler, ametoka jela Spandau miaka saba nyuma. Wakatambulishwa. Hakuna aliyewaonya kabla. Hakupiga kelele wala kuondoka, na jambo lile lilimkaa kifuani miaka yote. Urafiki wake na Fest ulikuja kuvunjika mwaka 1986, gazeti lilipochapisha makala ya mwanahistoria Ernst Nolte iliyoonekana kuwapunguzia Wanazi mzigo.

Hapo gazetini alikaa hadi 1988. Aliloliacha ni safu ya kila Jumamosi iliyoanza 1974: shairi moja la Kijerumani na maelezo mafupi ya mtu mmoja kwa nini analipenda. Gazeti la wafanyabiashara na mabenki, kila wiki shairi. Safu hiyo ilimzidi umri.

Fani na Maudhui

Naomba kujua uhakiki wake wenyewe ulikuwaje. Sisi huku uhakiki ni fani na maudhui, taja wahusika, taja dhamira, tamthilia imefaulu kwa kiasi gani, mtihani ukiisha kila mtu na njia yake. Yeye alikuwa na nadharia gani?

Kalamu Nyeusi

Nadharia hakuwa nayo na alijisifia hilo. Maprofesa walimdharau kwa sababu hiyo na yeye akawadharau kwa kuandika mambo ambayo msomaji wa kawaida hayaelewi. Kwake uhakiki ni kumwambia mtu aliyechoka na kazi kama kitabu hiki kinastahili usiku wake au la, na kwa nini, kwa sentensi ambazo mtu ataelewa akiwa kwenye treni. Alikuwa anasema uwazi ni adabu ya mhakiki kwa msomaji. Mwandishi hakuwa mteja wake.

Mifano. Mwaka 1976 alifungua uhakiki wa riwaya ya Martin Walser kwa kusema ni kitabu kisichostahili kusomwa, hata sura moja, hata ukurasa mmoja. Mwaka 1970 alitoa mkusanyiko wa kuponda tupu, 1985 akatoa mwingine wa kusifu tupu. Na wa kusifu ni mzuri, watu wanausahau. Wolfgang Koeppen, mwandishi mzuri aliyekuwa anakufa njaa na kuandika polepole, hakuchoka kumpigia debe.

Kile cha ngoma ya bati cha Grass alikiponda 1960. Miaka mitatu baadaye akaenda redioni akajihakiki mwenyewe, akasema hakukitendea haki. Wangapi wanaweza?

Na Böll, rafiki yake aliyempokea. Riwaya ya Böll ya 1979 akaichana. Walipokutana Böll akamsogelea, akamnong'oneza tusi sikioni, lile la sehemu ya kukalia, kisha akasema sasa yameisha, akamkumbatia. Böll alikuwa na tuzo ya Nobel kabatini wakati huo.

Bi Zuhura

Mimi kinachonishinda ni hiki: mtu anaandika riwaya miaka mitano, wewe unaimaliza kwa ukurasa mmoja na unachekesha watu. Huo ni ushujaa gani?

Kalamu Nyeusi

Dada Zuhura, hata mimi kuna uhakiki wake nikisoma naona amezidisha chumvi ili ukurasa unoge. Lakini angalia upande wa pili. Kila mwandishi mkubwa wa Ujerumani aliyemchukia alikuwa anafungua gazeti asubuhi kuona kama ametajwa.

Sasa runinga, ndipo alipokuwa Papa wa fasihi. Machi 1988 kituo cha runinga cha ZDF kilianzisha kipindi kilichoitwa Das Literarische Quartett. Viti vinne, vitabu vitano hivi, dakika 75, hakuna filamu, hakuna muziki, hakuna mwandishi kualikwa. Alishasema mapema kwamba hataki mapambo, watu watakaa waongee. Mhakiki mwenzake Hellmuth Karasek upande mmoja, Sigrid Löffler wa Austria upande mwingine, kiti cha nne mgeni. Yeye katikati, kidole juu, sauti inakwaruza, herufi r inabingirika, ananyanyuka nusu kwenye kiti. Waigaji wa vichekesho waliishi kwa sauti yake. Vipindi 77 hadi Desemba 2001, na kila kimoja alikifunga kwa mistari miwili ya mtunzi wa tamthilia Brecht ya pazia kufungwa na maswali kubaki wazi.

Nguvu yake: mwaka 1996 walijadili riwaya ya Mhispania Javier Marías ambaye Wajerumani wengi walikuwa hawamjui. Akasema ni kazi ya kipaji kikubwa. Ikauza zaidi ya nakala milioni moja Ujerumani.

Upande wa giza: Agosti 1995 jarida la Der Spiegel lilimweka jaladani, picha ya kuunganishwa, akiichana vipande viwili riwaya mpya ya Grass. Ndani akaandika kwa mtindo wa barua kwa "mpendwa Günter Grass". Katika nchi iliyowahi kuchoma vitabu, picha ya Myahudi aliyenusurika akichana kitabu ilikera watu wa kila upande, na sioni utetezi wake. Grass alipata Nobel miaka minne baadaye.

Bi Zuhura

Na yule Löffler? Nilisikia walitukanana hewani.

Kalamu Nyeusi

Juni 2000, riwaya ya Haruki Murakami. Löffler alisema ni chakula cha haraka cha fasihi. Mzee akaja juu, akamwambia hadharani kuwa kila wakija kwenye mapenzi kitandani yeye anaona ni uchafu. Kutoka kwenye kitabu wakaingia kwenye maumbile ya mtu. Löffler akaondoka, nafasi akachukua Iris Radisch. Kwa mtazamo wangu Löffler alikuwa na haki ya kuondoka.

Bi Zuhura

Ndiyo hapo. Mwanaume akikosa hoja anahamia kwenye mwili wako.

Fani na Maudhui

Na ile orodha yake ya vitabu bora ina riwaya 20, mwanamke mmoja tu, Anna Seghers. Tuliigusa darasani.

Kalamu Nyeusi

Sahihi, ile aliyoitoa kwa sanduku mwaka 2002. Tena Kijerumani peke yake. Dunia yake ilikuwa finyu kuliko sauti yake. Goethe, Heine, Fontane, Thomas Mann, Brecht, humo ndani hakuna aliyemfikia. Nje ya hapo alikuwa mgeni kama sisi.

Mbeba Boksi Köln

Nimeukuta uzi umechelewa, ila niongeze kwa sababu hii nimeiona kwa macho. Oktoba 2008 tuzo za runinga zilifanyika hapa Köln. Nilikuwa nimetoka zamu ya usiku, nikawasha nisinzie. Wamempa tuzo ya heshima ya maisha yake, ana miaka 88, amekalishwa masaa mbele ya wapishi na wachekeshaji. Akapanda jukwaani, akasema haipokei. Kwamba si mtu wa mahali pale, na alichokiona jioni ile ni upuuzi. Ukumbi ukaganda. Mtangazaji Thomas Gottschalk akaja kumwokoa, au kuokoa tuzo, sijui, wakaahidi watakaa waongelee hali ya runinga. Na kweli wiki iliyofuata ZDF ikawapa nusu saa.

Kazini Jumatatu hata Waturuki wa forklifti walikuwa wanaigiza ile sauti. Watu ambao hawajui kama aliandika kitabu.

Ngosha Halisi

Huku kwetu angeitwa mzee amechanganyikiwa, apelekwe nyumbani.

Mbeba Boksi Köln

Wapo waliosema hivyo hata hapa. Na wapo waliosema kwani runinga si ndiyo iliyomtajirisha? Lakini vituo vyote viliirusha tena na tena.

Mzalendo Mkavu

Na ile riwaya ya kumuua? Nasikia kuna mwandishi alimuua kitabuni.

Kalamu Nyeusi

Martin Walser yule yule wa 1976. Mwaka 2002 akatoa riwaya kuhusu mhakiki maarufu wa runinga mwenye asili ya Kiyahudi ambaye anadhaniwa ameuawa na mwandishi aliyemponda. Mhakiki anarudi mwishoni akiwa hai. Kila mtu alijua ni nani, hadi namna ya kuongea ameigwa. Frank Schirrmacher, mmoja wa wakuu wa Frankfurter Allgemeine, alitakiwa achapishe sehemu zake gazetini, akakataa kwa barua ya wazi, akisema kitabu kimejaa picha za chuki kwa Wayahudi. Walser akakana, akasema ni kejeli juu ya nguvu za runinga. Nchi ikagawanyika.

Mimi nadhani mwandishi ana haki ya kumkejeli mhakiki wake, tena kwa ukali. Lakini ukichagua kumuua kwenye njozi mtu ambaye taifa lako lilimwandikia kifo kweli, na yeye mwenyewe akiishika kalamu, usishangae watu wakikukazia macho. Mzee aliumia sana na hakuficha.

Kwa upande mwingine heshima zilimjia kwa mafungu uzeeni. Kumbukumbu zake alizozitoa 1999 ziliuza zaidi ya milioni, na nusu ya Wajerumani waliokuwa wanamcheka sauti ndiyo kwanza wakajua kilichompata Warsaw. Mwaka 2007 chuo kikuu cha Humboldt, ndicho kile kile cha Berlin kilichomkatalia 1938, kikampa udaktari wa heshima. Tosia alifariki Aprili 2011. Tarehe 27 Januari 2012, siku ya kukumbuka waliouawa na Wanazi, bunge la Ujerumani likamwita kuhutubia. Ana miaka 91, anashikwa mkono kupanda, sauti imebaki kidogo. Hakutoa nasaha wala kulaumu. Alisimulia tarehe 22 Julai 1942 tu: Höfle, madirisha, gramafoni, ndoa, Czerniaków. Alimaliza kwa kusema kwamba kile kilichoitwa kuhamisha watu kilikuwa na lengo moja, kifo. Akashuka.

Alifariki Frankfurt tarehe 18 Septemba 2013, miaka 93. Rais Joachim Gauck alikuwa msibani, na Gottschalk naye.

Binti Tanga

Swali la mwisho mkuu: mtu asiyejua Kijerumani aanzie wapi?

Kalamu Nyeusi

Kumbukumbu zake zimetafsiriwa kwa Kiingereza, zinaitwa The Author of Himself. Kama huna muda wa zote, soma nusu ya kwanza hadi anatoka kwa Bolek. Nusu ya pili ni magazeti, ugomvi na nani hakumsalimia nani kwenye hafla, inafaa kwa wanaopenda umbea wa waandishi. Mimi naipenda pia.

Mbeba Boksi Köln

Vipindi vya Quartett viko mtandaoni, Kijerumani. Hata usipoelewa maneno, tazama ule wa Murakami. Utajua nani anashambuliwa.

Bi Zuhura

Nitautazama. Na nikiona alichomfanyia yule mama nitarudi hapa, uzi msiufunge.